Mchele Kwenye Ungo, Mwanga Usoni

Saa sita na robo mchana, katika siku za mwanzo za Oktoba, mji wa Pangani hauna vivuli. Ninaposema jua liko utosini sitii chumvi: mji huo uko kusini mwa ikweta kwa nyuzi 5 na nusu hivi, na mara mbili kwa mwaka, mwanzoni mwa Machi na mwanzoni mwa Oktoba, jua hupita wima juu yake kama timazi ya mwashi. Minazi huangusha kivuli kwenye mashina yake yenyewe. Mtu akisimama uani, paji la uso linawaka, macho yanazama ndani ya mashimo mawili, na chini ya pua panaota sharubu ya kivuli ambayo hata bibi harusi haepukani nayo. Hiyo ndiyo saa ambayo ratiba yetu ilinitaka nipige picha ya bibi na mjukuu wake wakizungumza nje, na ndiyo saa niliyomwambia mwongozaji kwamba sitapiga.

Mwongozaji hakufurahi. Ni mwenzangu wa siku nyingi, tunaitana kaka na dada, lakini mchana ule aliniita "mheshimiwa mpigapicha" kwa sauti ambayo timu nzima iliielewa. Tulikuwa na siku 4 tu, jenereta ya kukodi iliyokuwa ikinywa petroli kuliko sisi tulivyokunywa maji, na gari lililotakiwa kurudi Tanga Jumapili jioni. Nikamwomba saa moja.

Kazi yangu ni kupiga picha za filamu. Nimeshika nafasi hiyo katika filamu fupi 3 na video kadhaa za muziki, na watu wa fani bado wananiita chipukizi, neno ninalolipokea kwa moyo mweupe ingawa nina miaka 32, na mche uliokaa ardhini muda wote huo ungekuwa umeshazaa. Wengi hudhani mpigapicha ni mwenye kamera. Kamera mara nyingi ni ya kukodi, na siku nyingine anayeishika si mimi. Ninachoulizwa mimi ni mwanga utoke wapi, ufike usoni kwa njia gani, kiza kiachwe kiasi gani, na mtazamaji asogezwe karibu kiasi gani na mtu anayemtazama. Majibu ya maswali hayo, yakikusanyika kazi baada ya kazi, ndiyo watu huja kuyaita mtindo wa mpigapicha, ingawa mwenyewe wakati wa kazi hujioni kama una mtindo. Unaona tu kwamba jambo fulani linakukera na jingine linakupendeza.

Jua la utosi linanikera. Kuna hesabu ndani yake. Kamera niliyokuwa nayo Pangani inaona vizuri zaidi ikiwekwa ISO 800, kipimo cha wepesi wake wa kupokea mwanga, na sisi tunaorekodi kwa fremu 25 kwa sekunde huipa kila fremu sehemu ya 50 ya sekunde ya kupokea mwanga. Ukiyaweka mawili hayo pamoja chini ya jua la saa sita, inabidi ufunge tundu la lenzi hadi f/64 (namba ikikua, tundu linapungua), namba ambayo lenzi nyingi hazina, au uvalishe lenzi vichujio vya kijivu vinavyopitisha sehemu 1 tu kati ya 256 ya mwanga ili uweze kubaki kwenye f/4. Vichujio ninavyo. Lakini vichujio hupunguza wingi wa mwanga tu. Upande unakotoka haubadiliki, na macho ya mtu hubaki mashimo vilevile, ila sasa ni mashimo yaliyopimwa vizuri.

Kwa hiyo tuliingia ndani. Nyumba ile ni ya udongo iliyopigwa chokaa, na upande wa uani kuna chumba kidogo ambacho bibi mwenye nyumba huwekea magunia, chenye dirisha moja lisilo na kioo. Bibi huyo hakuwa mwigizaji. Tulimwomba acheze kwa sababu yule tuliyekuwa tumemwandaa aliugua, naye alikubali kwa sharti moja, kwamba asiambiwe maneno ya kusema. Tulimkalisha kwenye mkeka karibu na dirisha, na mimi nikaanza kuhangaika na taa, moja juu kushoto, nyingine nyuma ya bega, kama nilivyofundishwa. Bibi alichoka kungoja. Akavuta ungo, akamwaga mchele kilo moja na kitu, akaanza kuuchagua.

Nilikuwa nimeinama kwenye skrini ndogo ya kamera nikitafuta fokasi, nikaona uso wake umebadilika. Chini ya kidevu, ndani ya mikunjo ya macho, kwenye pande za pua, kote kule ambako taa zangu zilikuwa zikiacha weusi mzito, palikuwa na mwanga mweupe, laini, unaotoka chini. Kila alipoinama zaidi, ulizidi. Aliponyanyua uso kumjibu mtu, ulififia. Mwanga wa dirishani ulikuwa ukianguka kwenye mchele, na mchele ulikuwa ukiurudisha usoni kwake.

"Zima taa," nilimwambia fundi wa taa.

"Ipi?"

"Zote mbili."

Tangu siku hiyo nina jina langu mwenyewe la kitu hicho: mwanga wa kurudi. Vitabuni kina majina mengine, na wapigapicha wamekijua tangu zamani, wala sidai nimegundua chochote. Ninachodai ni kwamba kwa nyuso za kwetu, na kwa jua la kwetu, mwanga uliokwisha kugonga kitu kingine kwanza una adabu kuliko ule unaokuja moja kwa moja, na nimeamua kuufanya ndio msingi wa kazi yangu.

Nitaeleza kwa nini. Fundi wangu wa kwanza, mtu mzima aliyenifundisha mengi mazuri, aliamini kwamba mtu mweusi anaongezewa taa. Ukiona uso haujatoka, sogeza taa karibu. Hili lina mantiki yake, kwani ukipunguza umbali wa taa kwa nusu, mwanga unaofika huwa mara nne. Lakini ngozi nyeusi haifanyi kazi kama karatasi. Mwanga mwingi unaoingia ndani yake hubaki humo, na sehemu kubwa ya unachokiona wewe ni mng'aro wa juu ya ngozi, kama ule wa mbao ya mninga iliyopigwa msasa ikapakwa mafuta. Mng'aro ni jamaa wa kioo: hukuonyesha umbo la kitu kilichouleta. Ukimulika kwa taa ndogo, utapata doa dogo kali kwenye paji la uso na jingine kwenye ncha ya pua, na kuzunguka madoa hayo kiza kilekile. Ukiongeza nguvu, madoa yanaungua na shavu linabaki gizani. Ukichukua kitu kikubwa na cheupe, hata kama ni hafifu, mng'aro wake unatambaa kutoka kwenye mfupa wa shavu hadi taya, na uso unapata umbo lake. Kwa hiyo swali la kwanza ninalojiuliza ni ukubwa wa chanzo cha mwanga na upande kilipo. Wingi unakuja baadaye.

Ndiyo maana pia huwa nagombana kidogo na wapambaji. Poda hupakwa ili kuua mng'aro, na ngozi nyeusi iliyouliwa mng'aro huonekana kama ubao wa darasani uliofutwa kwa kitambaa kikavu. Mimi huomba mafuta ya nazi, tone moja kiganjani, yapakwe kwenye mashavu na juu ya nyusi. Mpambaji tuliyekuwa naye Pangani alinitazama kama mtu aliyeambiwa aharibu kazi yake kwa mikono yake mwenyewe.

Lawama nyingine ni za vifaa vyenyewe, na hizo zina historia. Kuanzia miaka ya 1950, maabara zilizosafisha picha za rangi kwa kutumia bidhaa za Kodak, kampuni ya Marekani, zilipewa kadi yenye picha ya mwanamke wa Kizungu, na kadi hizo ziliitwa kadi za Shirley kutokana na jina la mfanyakazi wa kampuni hiyo aliyepigwa picha mwanzoni. Rangi ya ngozi ya mwanamke huyo ikitoka sawa kwenye karatasi, basi mashine imepimwa sawa. Ngozi nyingine zote zilifuata kipimo chake. Mabadiliko yalipoanza katika miaka ya 1970, waliosikilizwa haraka zaidi walikuwa watengenezaji wa fanicha na wa chokoleti, waliolalamika kwamba picha za matangazo hazionyeshi tofauti ya mbao moja na nyingine, wala ya chokoleti nyeusi na ile ya maziwa. Kila nikifika hapo huwa naweka kikombe cha chai chini. Kadi zenye wanawake wa rangi mbalimbali zilikuja miaka ya 1990, ambapo Tanzania Bara ndiyo kwanza ilikuwa inapata televisheni, mwaka 1994, miongo miwili hivi baada ya Zanzibar kuanza kurusha matangazo ya rangi.

Sensa za leo, vile vipokea mwanga vya ndani ya kamera, ni bora mno kuliko filamu za zamani, lakini kipimo cha ndani ya kamera bado kina tabia ya kudhani kwamba kila kilicho mbele yake, kikijumlishwa, ni rangi ya kijivu cha katikati. Mweke mwanamume mweusi mwenye kanzu mbele ya ukuta wa chokaa, na kamera iliyoachiwa ijiamulie itaona weupe mwingi, itaogopa, itapunguza mwanga. Kila ukoo wa pwani una picha moja ya harusi ya namna hiyo: kanzu imesimama vizuri, joho lina nakshi zote, na mwenye kanzu amemezwa na kiza. Mimi nimezipiga kadhaa. Nilianza kwa kurekodi harusi, kama wenzangu wengi, na ya kwanza kulipwa niliiharibu kwa namna nyingine kabisa: niliweka kamera kwenye sehemu ya 60 ya sekunde ndani ya ukumbi wenye taa za mrija, bila kujua kwamba umeme wetu ni wa mapigo 50 kwa sekunde. Video nzima ilipitiwa na mistari iliyopanda ukutani polepole kama maji yanayofurika. Mama wa bibi harusi aliniuliza kwa upole kama ule moshi ulikuwa pambo. Nikasema ndiyo. Mungu anisamehe.

Turudi chumbani. Baada ya kuzima taa, mwanga wa dirisha peke yake haukutosha. Mchele ulikuwa ukirudisha kidogo kwa sababu kidogo ndicho ulichopewa. Nje jua lilikuwa likimwagika bure. Tukachukua bafta, kile kitambaa cheupe cha pamba, mita 6, tukaifunga kati ya mnazi na nguzo ya jiko la nje, ikalala kwa mshazari ili ipokee jua kutoka juu na kulipeleka dirishani. Chumba kikafunguka. Niko katikati ya kupima, bibi akachungulia nje.

"Nani kanitundikia sanda na mimi bado nakula?"

"Shikamoo bibi, samahani. Ni bafta tu, tunaitumia kutia mwanga ndani."

"Marahaba. Mwanga si uko huko nje? Tokeni nje basi."

Sikuwa na jibu, na bado sina. Nilimsogezea mkeka nusu hatua kutoka dirishani, tukaanza.

Bafta na marekani ni vitambaa viwili ambavyo sitoki nyumbani bila kuvibeba. Bafta imepaushwa, hurudisha mwanga mweupe wa asubuhi yenye mawingu. Marekani, ile pamba isiyopaushwa ambayo bibi zetu waliishona mito, hurudisha mwanga wenye umanjano kidogo, na usoni mwa mtu mweusi huo umanjano hugeuka kuwa joto. Unafaa kwa jioni, kwa kumbukumbu, kwa mtu anayependwa na mwongozaji. Vifaa vya dukani vinavyofanya kazi hiyo vipo, vinakunjika vizuri na vina mfuko wake, nami nimevitumia. Vinarudisha mwanga sawia mno. Kitambaa kinapepea kidogo kwa upepo, na mwanga usoni unapumua.

Kwa mpigapicha anayejulikana duniani, niliyemfuata kwa ukaribu zaidi ni Bradford Young, Mmarekani mweusi aliyesoma Chuo Kikuu cha Howard chini ya mwalimu na mwongozaji kutoka Ethiopia, Haile Gerima. Mwaka 2011, akiwa bado chipukizi, alishinda tuzo ya upigaji picha kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, kwa filamu iitwayo Pariah, akairudia tena 2013, na miaka michache baadaye akawa Mmarekani mweusi wa kwanza kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya upigaji picha. Kilichonivuta kwake ni ujasiri wa kuacha kiza. Huwaacha watu weusi wakae gizani bila kuwamulika kama watuhumiwa, na bado unawaona, kwa sababu mahali fulani kuna ukuta au dirisha linalowarudishia mwanga kidogo shavuni.

Nilimwiga, na niliumia. Filamu yangu ya pili niliipiga kwa kiza kikubwa, nikaipenda sana kwenye skrini ya chumba cha kurekebishia rangi, mapazia yamefungwa. Kisha nikamwona kijana mmoja akiitazama kwenye simu, ndani ya daladala, saa tisa alasiri, dirisha liko wazi. Alikuwa akijiona uso wake mwenyewe kwenye kioo cha simu, na sauti za wahusika wangu zikitoka nyuma ya uso huo. Siku hizi kabla sijakubali kiza chochote ninakitazama kwenye simu, nje, mchana. Kiza kinachobaki na uso ndani yake hata barazani, hicho nakiweka. Najua wapo wenzangu wanaoona huku ni kujishusha, kwamba filamu hupigwa kwa ajili ya ukumbi. Kumbi zenyewe ziko ngapi?

Jioni ya siku ya pili tulipiga ukingoni mwa mto, upande wa kivuko cha kwenda Bweni, kijiji cha ng'ambo. Vitabu vingi vya fani hii vimeandikwa na watu wa kaskazini, na husifu sana saa ile ya jua kuzama, mwanga wa dhahabu unaokaa na kukaa. London mwezi Juni, kati ya jua kuzama na giza kuingia hupita zaidi ya dakika 40. Kwetu jua halizami kwa mshazari. Linashuka wima kama ndoo kisimani, na ukishaliona limegusa minazi ya ng'ambo una dakika 20 na kitu. Tulipata mikato miwili, yaani tulirekodi mara mbili tu. Wa kwanza boti ilipita na injini yake.

Usiku huo ndio ninaoukumbuka kwa furaha zaidi, kwa sababu ya chemli. Mwongozaji alitaka mjukuu atoke jikoni na chemli mkononi, avuke ua, aketi. Nilitaka mwanga wote uonekane unatoka kwenye chemli, na ikiwezekana utoke humo kweli. Tatizo la chemli ni kwamba ukifungua lenzi hadi uso uonekane, kioo chake kinakuwa donge jeupe lisilo na moto ndani. Fundi wa taa, kijana wa Mwera aliyekulia kwenye taa hizo, alichukua masizi ya chungu kwa kidole, akayapaka ndani ya kioo upande mmoja tu, ule utakaoelekea kamera, tabaka jembamba kama kivuli. Upande wa mwigizaji ukaachwa safi. Kamera ikauona utambi ukicheza, na uso ukapata mwanga wake kamili. Nikaomba pia mwigizaji abadilishe kanga. Aliyokuwa amejitanda ilikuwa nyeusi na nyekundu, na mwanga wote uliofika kifuani pake ulipotea. Alipojitanda yenye ardhi nyeupe, chemli ikiwa usawa wa kiuno, kanga ikawa ndio ule mchele wa jana yake. Alipoketi na kuiweka taa chini, mwanga ulipanda kwa kanga hadi kidevuni, na machozi, ambayo hayakuwamo kwenye hadithi lakini moshi wa jikoni uliyaleta, yakaonekana.

Sasa niseme kosa langu, maana mwongozaji atasoma. Katika ule mkato mzuri wa bibi dirishani, ule ambao kila mtu alisimama kimya, fokasi haikuwa machoni. Ilikuwa kwenye ukingo wa ungo. Unaona kila ufito wa ukindu, kila punje, na nyuma yake bibi mlaini kama ndoto. Niligundua usiku wa siku ya tatu, nikitazama kwenye skrini kubwa, na nililala vibaya.

Asubuhi ya mwisho nilikwenda mapema, nikabisha hodi, nikaamkia, nikauliza mchele wa siku ile uko wapi.

"Mliula jana," alisema bibi. "Na samaki. Wewe uliongeza mara mbili."

Tukatuma mtu dukani. Mchele alioleta ulikuwa na chenga nyingi na ukijivu kwa mbali, na nilipomwaga kwenye ungo nikaona shavu la bibi limepungua. Nikakata kipande cha bafta, nikakitandika chini ya mchele, nikautawanya juu yake mwembamba. Mwanga ukarudi, karibu sawa na ule wa kwanza. Nikapima fokasi kwenye jicho la kushoto mara tatu. Tukaanza. Bibi akatikisa ungo, akapitisha vidole, akatikisa tena, kisha akasimama.

"Mchele huu hauna hata chuya moja. Mnanichagulisha nini?"

Mwongozaji akanitazama. Mimi nikamtazama fundi wa taa, naye bila kusema neno akatoka uani, akachutama karibu na kinu, akaanza kuokota chuya na vijiwe vilivyodondoka pale, akarudi na vingi kiganjani, akavitia kwenye ungo kimoja kimoja, bibi akimwonyesha mahali.